Boriti za Rufiji kwenye filamu: njia nne za kuirekodi kazi inayotoweka, na ipi ikufae

Lala chali kwenye chumba cha nyumba kongwe ya mawe, Lamu au Mji Mkongwe wa Unguja, uangalie dari. Boriti zimelala ukuta hadi ukuta, nyeusi kwa umri. Chumba ni chembamba, karibu mita tatu, na si kwa kuwa mwenye nyumba alipenda hivyo. Boriti ya mkoko haihimili dari kwa upana unaozidi hapo, basi mwashi alijenga kwa kipimo cha mti. Nyumba za zamani za Kuwait, Bahrain na Oman zina vyumba vyembamba kwa sababu hiyo hiyo, maana boriti zao zilipelekwa na majahazi kutoka pwani yetu, na nyingi zilikatwa kwenye delta ya mto Rufiji.

Delta hiyo ina karibu hekta 50,000 za mikoko. Wakataji waliingia vijitoni na mitumbwi, wakapiga dago, yaani kambi ya porini, siku nyingi, wakakata kwa shoka, wakabeba begani kwenye tope la magotini, wakahesabu kwa korija, yaani ishirini ishirini, kisha wakapakia. Mwaka 1939 Alan Villiers, baharia wa Australia, alifika Rufiji ndani ya jahazi la Wakuwait lililofuata mzigo huo. Picha alizopiga katika safari ile zimehifadhiwa Greenwich, Uingereza. Ni picha nzuri mno, lakini mkataji aliyemo humo hatumsikii.

Kazi hiyo sasa imebaki kwa wazee. Fedha za mafuta zilileta saruji na chuma katika Ghuba. Kenya ilizuia boriti kuuzwa nje mwaka 1982. Tanzania Bara mikoko ni msitu wa hifadhi na haukatwi mti bila kibali. Vijana wa delta wako kwenye kilimo cha mpunga na uvuvi wa kamba. Mimi naamini mikoko lazima ilindwe, na naamini kwa uzito ule ule kwamba ujuzi wa watu walioishi nayo haustahili kuzikwa pamoja nao. Kuurekodi hakumaanishi kuhimiza shoka lirudi.

Wengi wenye kamera, au simu tu, wanakwama kwenye swali moja: niirekodi vipi? Ninazijua njia nne, na nimewahi kuzitumia zote kwa viwango tofauti.

## Njia zenyewe

Kumfuata mtu mmoja. Unaambatana na mkataji au familia yake kwa misimu kadhaa. Huulizi sana, hakuna msimulizi, unatazama na kungoja. Inamtaka mtu mwenye subira na mwenye uwezo wa kurudi kijijini mara nyingi.

Mahojiano. Mzee anakaa, anasimulia, nawe unachanganya maneno yake na picha za kijito, vyombo na nyumba. Inamfaa mwanahabari, mwalimu, au mjukuu mwenye likizo ya wiki moja.

Rekodi ya ufundi. Unapiga tendo moja tangu mwanzo hadi mwisho bila kulikata: kuchagua mti, kuangusha, kupogoa, kubeba, kupanga, kuhesabu. Wajerumani walianzisha mkusanyiko mkubwa wa filamu za aina hii huko Göttingen mwaka 1952, kila filamu fupi na tendo lake, bila mapambo. Hii ni njia ya mtafiti, makumbusho au chuo.

Wenyewe washike kamera. Vijana wa vijiji vya delta kama Salale, Mfisini au Kiomboni wanafundishwa kupiga na kuhariri, kisha wanawarekodi babu na bibi zao wenyewe. Inamfaa aliye tayari kuachia uamuzi, na wengi wetu hatuko tayari kama tunavyodhani.

## Vigezo vya kuzipima

Nitazipima kwa mambo matano: nini kitapotea kwanza, muda na maji, gharama, usalama wa anayepigwa picha, na filamu itatazamwa na nani ikishakamilika. La kwanza ndilo ninalolipa uzito kuliko yote, na ndilo linalosahauliwa, kwa sababu mtu akishapata kamera huanza kufikiria kamera.

## Nini kitapotea kwanza: mikono, sauti au mahali

Kazi ya boriti ina mambo matatu ndani yake, na hayapotei kwa kasi moja.

Kuna mikono. Mkoko husimama juu ya mizizi iliyopinda kama miguu ya buibui, na mkataji lazima apate pa kukanyaga kabla hajainua shoka. Namna anavyojiegemeza, pembe ya pigo la kwanza, namna mti unavyoelekezwa uangukie upande wa maji na siyo juu ya miti mingine, hayo hayasemeki. Yanaonekana tu, tena kwa mtu ambaye bado ana nguvu ya kuyafanya.

Kuna sauti. Humo ndimo yalimo majina: mkoko, msinzi, mkandaa, mchu, mlilana, mkomafi, msikundazi, kila mti na kazi yake. Mkandaa kwa fito, na gome lake kwa kutengenezea ngozi. Mlilana kwa mataruma, yaani mbavu za chombo. Humo yamo madaraja ya ukubwa, fito, pau, mazio, boriti, nguzo, kama yanavyotajwa Lamu, na Rufiji utakuta tofauti zake. Yamo pia maneno ya Kindengereko, lugha ya wenyeji wa Rufiji, ambayo mjukuu aliyesomea mjini hayajui, pamoja na bei, madeni, manahodha na ugomvi.

Na kuna mahali. Vijito vya delta huhama. Mashamba ya mpunga yamekula mikoko upande wa kaskazini. Mto wenyewe umebadilika: bwawa la Julius Nyerere lilianza kujazwa maji Desemba 2022, na Aprili 2024 mafuriko makubwa yaliingia Rufiji na Kibiti. Kijito alichokata mzee mwaka 1970 huenda leo hakipitiki.

Rekodi ya ufundi haina mshindani kwa mikono. Hakuna njia nyingine itakayomwezesha mtu baada ya miaka hamsini kuona tendo zima kwa kasi yake halisi. Upungufu wake ni kwamba haikuambii mtu huyu ni nani, wala alijisikiaje jahazi lilipoacha kuja.

Mahojiano ni ya sauti. Lakini yana mtego ambao ulininasa mwenyewe. Nilimhoji mzee mmoja barazani kwake kwa saa nzima, nikamwuliza aliujuaje mti uliokomaa. Akanijibu, "Unaujua tu." Nikadhani amesahau. Kesho yake tuliingia kijitoni kwa mtumbwi, akaugonga msinzi mmoja kwa mgongo wa panga, akasikiliza, akatazama juu palipoanzia matawi, na hapo maneno yakamwagika: huu una uvimbe ndani, ule bado unakua, huu angeukataa mwenye jahazi. Hakuwa amesahau. Maarifa yake yalikuwa kule kwenye miti, mimi nikayatafuta barazani. Ukichagua mahojiano, usimweke mzee kwenye kiti cha plastiki mbele ya ukuta. Mpe fito na boriti mkononi, au mpeleke akaione miti.

Kumfuata mtu ndiyo njia inayonasa mahali kwa undani, maana mahali huonekana kwa kurudi: kusi na kaskazi, kijito kikijaa na kikipwa, mke akisonga ugali dagoni, mtoto akikataa kwenda na baba yake. Inanasa pia kutoweka kwenyewe, jambo ambalo njia nyingine zinalisema tu kwa mdomo. Ila inaweza kukamilika bila hata mtu mmoja kutaja tofauti ya pau na mazio.

Wenyewe wakishika kamera hunasa kitu ambacho mgeni hakipati: namna mzee anavyozungumza na mjukuu wake. Kwa mgeni ataeleza. Kwa mjukuu atagomba, atatania, atamwambia "shika hivi, we mtoto," na ndani ya kugomba huko ndimo ufundi ulimo. Picha huenda zikatikisika. Mara nyingine vijana huacha jambo kubwa kwa kuwa kwao ni la kila siku, hawaoni sababu ya kulipiga.

## Muda na maji

Delta haifuati saa yako. Siku za bamvua, mwezi ukiandama na mwezi ukiwa mpevu, pwani yetu maji hujaa karibu saa kumi, alfajiri na alasiri, na hupwa karibu saa nne asubuhi. Ndani ya vijito huchelewa kidogo. Kwa mpiga picha hii ni neema. Asubuhi maji yakiwa yamepwa wanakata na kubeba, na alasiri maji yakijaa mitumbwi inatoka na mzigo, jua likiwa limelegea na mwanga mzuri. Siku za maji mafu mambo hugeuka: mchana maji hujaa nusu nusu, mtumbwi mzito haufiki ndani, kazi hupungua. Panga safari kwa mwezi, siyo kwa wikiendi.

Rekodi ya ufundi hukamilika ndani ya bamvua moja au mbili kama umejiandaa. Mahojiano huchukua siku chache, na hayajali bamvua isipokuwa ukitaka kwenda mtini kama nilivyoshauri. Kumfuata mtu ni mwaka mmoja kwa uchache. Chini ya hapo utapata ziara tu. Kuwafundisha vijana ni miezi, na kipande kigumu huwa katikati, pale hamu ya mwanzo imeisha na filamu haijaonekana.

## Gharama na vifaa

Hapa sitakaa sana. Gharama kubwa kwenye delta ni boti na mafuta yake, kuliko kamera. Njia inayokurudisha mara nyingi ndiyo inayokula fedha nyingi, kwa hiyo kumfuata mtu ni ghali hata ukiwa na simu tu. Mahojiano ni rahisi kuliko zote: simu nzuri, maikrofoni ndogo ya kubana kwenye shati, na kifuniko chake cha manyoya cha kuzuia upepo. Usikiache. Upepo wa mlangoni mwa bahari umewahi kunipotezea ushuhuda wa alasiri nzima, na msemaji hakuishi hadi nirudi.

Rekodi ya ufundi inataka stendi ya kamera inayoweza kusimama topeni. Weka vipande vya ubao chini ya miguu yake. Ikiwezekana tumia kamera mbili, moja kwa mwili mzima na moja kwa mikono. Kwa vijana, bajeti iwe na vifaa vitakavyobaki kijijini. Ukiondoka na kamera, umeondoka na mradi. Kote huko dagoni hakuna umeme: beba sola, betri za akiba na mfuko usiopitisha maji ya chumvi. Droni huonyesha delta vizuri kuliko chochote, lakini inahitaji kibali cha Mamlaka ya Usafiri wa Anga, na haimwonyeshi mtu.

## Usalama wa anayepigwa picha

Kigezo hiki kinaweza kubadilisha uamuzi wako wote. Kukata mikoko bila kibali ni kosa. Filamu yako, yenye uso, jina na kijito, inaweza kusomwa kama ushahidi. Mkataji analijua hilo kabla yako, ndiyo maana kamera ikitoka huwa anakumbuka ana safari.

Anza na serikali ya kijiji, mwenyekiti na mtendaji, ukiwa na barua ya halmashauri na kibali cha Bodi ya Filamu. Usikasirike ukihojiwa. Watu wa Kibiti na Rufiji wanayakumbuka mauaji ya mwaka 2017, na mgeni mwenye mabegi ya vifaa ana haki ya kuulizwa anakwenda wapi.

Rekodi ya ufundi ina tatizo la wazi: ili uonyeshe kukata, mti lazima ukatwe. Fuata uvunaji wenye kibali cha Wakala wa Huduma za Misitu, au tumia mti ulioangushwa na maji, mzee aonyeshe hatua zote juu yake. Useme ndani ya filamu kwamba ndivyo ilivyofanyika. Mahojiano ni salama zaidi kwa kuwa mzee anaweza kuzungumzia miaka ya nyuma, lakini majina ya watu wengine yanamtoka haraka. Uhariri wako uwe na huruma. Kumfuata mtu ndiyo njia ya hatari kuliko zote, kwa sababu unarekodi ya leo. Utaona mambo ambayo itabidi uzime kamera, na inafaa uamue kabla hujafika ni mambo gani. Vijana wa kijiji wanajua nani asionekane bila kuambiwa. Kwao hatari ni nyingine: kamera imepewa ukoo gani na ukoo gani umeachwa.

Na ridhaa isiwe sahihi ya siku ya kwanza tu. Mwonyeshe mhusika alichosema, aseme kipi kitoke.

## Itatazamwa na nani, itakaa wapi

Mfaransa Jean Rouch alipiga filamu ya wawindaji wa viboko kwenye mto Niger mwanzoni mwa miaka ya 1950, kisha akairudisha Ayorou kuwaonyesha wenyewe. Walimkosoa kwa muziki aliouweka juu ya windo: kiboko anasikia, wangepiga muziki angekimbia. Rouch aliukubali ukosoaji huo na akauchukulia kama fundisho. Mimi naupenda mkasa huo kwa sababu wawindaji hawakuzungumzia sanaa. Walizungumzia kazi, nao ndio wenye kazi.

Kumfuata mtu hutoa filamu ya ukumbini, ya tamasha kama lile la Zanzibar, ya mtu wa mbali atakayeguswa. Mahojiano huenda redioni, runingani na darasani kwa urahisi. Rekodi ya ufundi haina watazamaji wengi leo, na hilo si kasoro yake. Mtazamaji wake huenda ni fundi wa mwaka 2070 anayekarabati dari la Lamu. Filamu ya vijana hutazamwa kwanza uwanjani kijijini, kwenye shuka jeupe, na huko hupata wakosoaji wakali kuliko majaji wote.

Kwa njia yoyote, usizifute faili ghafi. Weka nakala tatu sehemu tofauti, moja kijijini au shuleni, moja kwako, moja kwenye taasisi inayotunza kumbukumbu. Andika kwenye kila faili jina la kijito, tarehe, hali ya maji na majina ya miti. Mzee akizungumza Kindengereko, mwache azungumze, kisha uweke manukuu ya Kiswahili. Usimlazimishe atafsiri mwenyewe mbele ya kamera, atafupisha.

## Kulingana na hali yako

Ukiwa na mwaka mzima, ukaishi karibu, na familia moja imekukubali kwa dhati, mfuate mtu mmoja. Tenga lakini bamvua moja ndani ya mwaka huo kwa rekodi ya ufundi, usiichanganye na filamu yenyewe. Utashukuru.

Ukiwa mtafiti au unafanya kazi na makumbusho, na kuna mkataji mwenye nguvu na kibali, chagua rekodi ya ufundi, ufuatishe mahojiano mafupi huku mkataji akiitazama rekodi hiyo kwenye skrini na kueleza alichokuwa anafanya. Mchanganyiko huo hutoa maneno ambayo swali la kawaida haliyafikii.

Ukiwa na shirika au shule na fedha kidogo za kudumu, na vijana wanaoondoka kijijini kila mwaka, wape kamera. Kubali mapema kwamba filamu itakayotoka huenda isihusu boriti unavyotaka wewe.

Ukiwa mwana wa delta unayeishi Dar es Salaam, Muscat au Toronto, na unarudi nyumbani siku kumi, fanya mahojiano, ukipanga safari iangukie bamvua. Nenda na mdogo wako aliyebaki kijijini ili aendelee ukiondoka. Kama hali ya ulinzi wa msitu kijijini kwenu ni ya mvutano kwa sasa, baki na kumbukumbu za zamani, uache shoka la leo.

Na kama mzee ni mgonjwa, acha kulinganisha. Panda boti ya kesho kutoka bandari ya Nyamisati na simu uliyonayo. Tafuta vipande vya mti, chembamba hadi kinene, umwekee mapajani kimoja kimoja. Mwache ataje mwenyewe, fito hadi nguzo, na aseme kila kimoja kiliuzwaje kwa korija. Akinyamaza, usizime kamera.